Aliyeonja Kabla ya Mtukufu

Nchi yenyewe siitaji. Anayeijua atacheka kimoyomoyo, na asiyeijua amshukuru Mungu wake aendelee na shughuli. Itoshe kusema ilikuwa nchi ya amani, yenye mvua za wastani na sheria nyingi kuliko mvua, na watu wake walikuwa watiifu sana, hasa mchana.

Sheria iliyopendwa kuliko zote ilikuwa Sheria ya Kutotangulia. Ilisema kwamba mwananchi asifanye jambo lolote mbele ya kiongozi kabla kiongozi hajalifanya yeye kwanza. Nia ilikuwa njema. Watu walikuwa wameanza tabia ya kupiga makofi kabla hotuba haijafika mahali pa makofi, wengine walidiriki kula wali karamuni huku kiongozi bado ananawa. Basi sheria ikapitishwa bungeni kwa sauti moja. Sauti hiyo ilikuwa ya Spika, maana wabunge wote walikuwa wakimsubiri atangulie.

Nidhamu ikashamiri. Msibani hakuna aliyelia mpaka kiongozi alie. Mjane mmoja alikaa mkekani tangu asubuhi, macho makavu, akisubiri gari la Mkuu wa Jimbo. Lilipofika, Mkuu wa Jimbo akatoa leso, akajipangusa jicho la kushoto, ndipo mama wa watu akaruhusiwa kumlilia mumewe. Salamu nazo zikaleta utata. Kwa desturi mdogo ndiye humwanza mkubwa kwa shikamoo, na sheria inakataza kumwanza mkubwa kwa chochote. Wataalamu wakakaa semina, wakanywa chai nyingi, wakaamua kwamba kiongozi akipita kila mtu anyamaze. Tangu siku hiyo viongozi walipita kimya, wakajiuliza kwa nini wananchi hawana furaha.

Sasa, katika kitongoji cha Ng'ambo ya Reli aliishi mjane aitwaye Bi Semeni. Alipika pombe ya mtama, na alikuwa na leseni halali ya Bodi ya Vileo, imetiwa kwenye fremu, imetundikwa juu ya mlango pale ambapo wenzake hutundika picha ya harusi. Mwanamke mnene, mwepesi wa kucheka na mwepesi wa kukutukana, na vyote viwili alivifanya kwa sauti ileile.

Alikuwa na chungu. Kilikuwa cha mama yake, kipana, nusu kimezikwa ardhini nyuma ya nyumba, na tangu mama yake alipokizika pale hakijawahi kukauka. Wapika pombe wote wanajua jambo hili: chachu hukaa ndani ya kuta za chungu. Chungu kikinyweshwa, kinaishi. Kikikauka, kimekufa, na ukipika humo tena utapata uji uliokasirika. Bi Semeni aliweza kupoteza kitu chochote duniani akasema ndiyo dunia. Chungu kile, hapana.

Na alikuwa na desturi, si yake peke yake, ni ya wapika pombe wote wa nchi ile tangu enzi za mababu. Kabla hajampa mtu kata ya pombe, aliinywa kwanza yeye funda moja, akapangusa ukingo kwa kiganja, ndipo akaitoa. Maana yake hata mtoto aliijua: kama mna sumu, nitakufa mimi kwanza. Pombe isiyoonjwa na aliyeipika hainyweki. Ukimpa mtu kata bila kuionja, umemwambia kwamba unamtakia kaburi.

Siku moja gari la Mkuu wa Jimbo, ambaye kwa mujibu wa waraka alipaswa kuitwa Mtukufu, lilipata pancha mbele ya kilabu cha Bi Semeni. Jua lilikuwa kali. Mtukufu akashuka. Watu wakanyamaza. Akatazama kulia, akatazama kushoto, akaona kivuli na benchi, akakaa. Mpiga picha wake akamnong'oneza kwamba kiongozi akinywa pombe ya wananchi picha hutoka vizuri sana.

"Mama," alisema Mtukufu, "nipe nami nionje jasho la wananchi."

Bi Semeni akachota. Hakufikiri, maana nani hufikiri akiwa kazini? Akainua kata, akapiga funda, akapangusa ukingo, akampa kwa mikono miwili na kupiga goti kidogo. Mtukufu akainywa yote. Akaomba nyingine. Bi Semeni akaonja tena, akampa tena, naye akainywa tena mpaka kitako cha kata kikatazama mbingu.

Ndipo Ofisa Itifaki, aliyekuwa bado anahangaika na tairi, alipofika na kuona ukingo umelowa. Akapiga yowe. Akamwinamia Mtukufu sikioni, akanong'ona kwa muda mrefu. Mtukufu akaweka kata chini polepole, uso umebadilika.

"Kumbe nimetanguliwa," alisema.

* * *

Shtaka lilisomwa mahakamani kwa Kiswahili fasaha: kwamba mshtakiwa, kwa makusudi na kwa kinywa chake mwenyewe, alimtangulia kiongozi kwa funda la ukubwa usiojulikana. Bi Semeni akaulizwa kama ni kweli.

"Ni kweli nimeonja," alijibu. "Ningempaje mgeni kitu sijaonja? Mngesema nataka kumwua."

"Hilo ni shtaka jingine," alisema mwendesha mashtaka kwa upole, "na tungekushtaki nalo."

Hakimu akauliza upelelezi umefika wapi. Upelelezi haukuwa umekamilika. Bado walikuwa wakichunguza ukubwa wa funda. Zaidi ya hapo, shahidi mkuu alikuwa Mtukufu mwenyewe, na hapo palikuwa na kigingi: karani wa mahakama hupiga kelele "Kortini!" shauri linapoanza, na akiipiga mbele ya Mtukufu atakuwa amemtangulia. Shahidi hakuweza kuja, na bila shahidi kesi haikuweza kusikilizwa. Hakimu akaiahirisha, Bi Semeni akapewa dhamana, akarudi nyumbani akidhani mambo yamekwisha. Masikini, hakuijua Bodi ya Vileo.

Mwenyekiti wa Bodi aliitwa Bwana Kiwale, mtu mrefu, mwenye kalamu nyingi mfukoni. Alimkaribisha Bi Semeni kwenye kiti kwa tabasamu la daktari wa meno.

"Bi Semeni, kwanza kabisa ondoa hofu. Bodi inatambua kwamba huna hatia."

"Asante, bwana mwenyekiti."

"Huna hatia mpaka mahakama iseme vinginevyo. Hiyo ni haki yako, na Bodi inailinda kwa nguvu zote. Ndiyo maana tumekaa leo kukufutia leseni."

Bi Semeni akajipangusa sikio kwa ncha ya kanga. "Kama sina hatia, mnanifutia kwa nini?"

"Kwa sababu una kesi."

"Na kesi haijasikilizwa."

"Hasa! Ingekuwa imesikilizwa, tungejua la kufanya. Haijasikilizwa, kwa hiyo hatujui la kufanya. Na Bodi ikiwa haijui la kufanya, hufuta."

Wajumbe wakatikisa vichwa, baada ya kuhakikisha kwamba mwenyekiti ametikisa.

"Nikishinda je?"

"Ukishinda utaomba upya, kama mwananchi mwingine yeyote."

"Na itasikilizwa lini?"

"Mama, hapo unatuingiza mahali pabaya. Bodi haiingilii uhuru wa mahakama."

Bi Semeni akaona hasira zinampanda, akazimeza, maana alikuwa amekuja kuomba. "Bwana mwenyekiti, mwanangu, nisikilize. Nina chungu. Nisipopika kitakauka. Kikikauka, hata mkinirudishia leseni ya dhahabu hainisaidii kitu. Hicho ndicho kilichonilea mimi na ndugu zangu."

Bwana Kiwale akafunua mafaili yake. "Bodi imelifikiria hilo. Askari atapita kila juma kuhakikisha kwamba kimekauka." Kisha akasimama, akafunga koti, akatoa nasaha za kufunga kikao: "Wahenga walisema, mgema akisifiwa, tembo hulitia maji. Wewe, mama, umesifiwa mno."

"Mimi si mgema. Mimi napika mtama."

"Imeingia kwenye kumbukumbu," alisema Bwana Kiwale.

* * *

Leseni ilikwenda kwa Bwana Tungaraza. Alikuwa muuza mabati, mlokole safi, ambaye kinywa chake hakijawahi kugusa kileo tangu azaliwe, sifa ambayo Bodi iliitaja kuwa ya pekee kati ya waombaji wote. Kwamba alikuwa shemeji wa mwenyekiti halikutajwa, kwani hakuna aliyeuliza.

Akajenga kilabu kipya, bati juu, bati ubavuni. Akaajiri watu wakapika. Ukutani akatundika picha ya Mtukufu, kubwa, macho yakimfuata kila anayeingia. Siku ya kufungua watu wakajaa, maana kiu haina chama. Bwana Tungaraza mwenyewe akagawa vikombe, akarudi nyuma ya kaunta, akakunja mikono.

Watu wakashika vikombe. Hakuna aliyekunywa.

Mzee Lubango, fundi baiskeli, mteja wa Bi Semeni tangu ndevu zake zikiwa nyeusi, akakohoa. "Bwana Tungaraza, onja basi."

"Sionji, mzee. Mimi nimeokoka."

"Sawa, umeokoka. Na sisi je?"

"Halafu sheria hairuhusu kumtangulia kiongozi."

"Kiongozi yuko wapi hapa?"

Bwana Tungaraza akaelekeza kidole ukutani. Watu wote wakageuka. Mtukufu aliwatazama kutoka kwenye fremu, hana kikombe, wala haelekei kukinywa hivi karibuni.

Walikaa mpaka jua likazama. Kikombe kilichokuwa kimejaa kikabaki kimejaa. Kisha wakasimama mmoja mmoja, wakaviweka vikombe juu ya kaunta kwa heshima, wakaenda zao kulala na kiu yao. Kesho yake ikawa vivyo hivyo, na siku zilizofuata. Bwana Tungaraza akaandika ripoti kwa Bodi kwamba tangu achukue leseni hakujatokea ulevi wala ugomvi hata mmoja. Bodi ikampa cheti.

Na Bi Semeni? Alikuwa nyuma ya nyumba, anapigania chungu. Kupika haruhusiwi. Basi akakitia maji na konzi ya machicha ya zamani, akasema ni maji ya kunawia. Askari alipokuja, koplo mmoja mwenye tumbo aliyewahi kuwa mteja mzuri, alitumbukiza kidole, kikatoka kimelowa mpaka fundo la pili. Alikitazama kidole, akamtazama Bi Semeni, akaandika: "Kinaendelea kukauka."

Lakini maji si mtama. Kila asubuhi Bi Semeni aliingiza kichwa chunguni akanusa, na kila asubuhi harufu ilikuwa imepungua. Ile harufu kali tamu aliyoizoea tangu akiwa mgongoni mwa mama yake ilikuwa ikigeuka kuwa ya udongo mtupu. Siku moja alilia humohumo, kichwa kikiwa ndani, maana sauti ya chunguni haisikiki nje, na alikuwa na adui wengi mno kuwapa raha ya kumsikia. Aliupiga konzi mdomo wa chungu akasema, "Usife, we! Nitakwenda wapi mimi ukifa?"

* * *

Wakati huo gazeti moja liliandika kwamba Mtukufu hanywi ila vinywaji vya ng'ambo. Lo! Ofisi nzima ikatetemeka. Ikaamuliwa kwamba katika Sherehe ya Mavuno Mtukufu atakunywa pombe ya mtama hadharani, kiwanjani, mbele ya wananchi wote na kamera zote.

Siku ikafika. Mahema, ngoma, mapipa ya Bwana Tungaraza yamepangwa yakimetameta. Kila mwananchi akapewa kikombe, akaambiwa ashike, asubiri. Mtukufu akahutubia kuhusu mtama, akaueleza mtama kwa watu wanaoulima. Kisha akainua kikombe juu, watu wakainua, akakishusha kuelekea mdomoni.

Mkono ukafika kidevuni, ukakwama.

Nikuambie siri moja: Mtukufu naye alizaliwa. Mama yake alikuwa mpika pombe wa kijijini, na mkono wa mtu aliyelelewa na mpika pombe una akili zake. Aliusukuma, ukakataa. Jasho likamtoka.

"Nani ameonja hii?" aliuliza chinichini.

"Hakuna, Mtukufu!" alisema Ofisa Itifaki kwa fahari. "Sheria imefuatwa kikamilifu."

"Hata mmoja?"

"Hata nzi, Mtukufu. Tumewafukuza."

Mtukufu akamwita Bwana Tungaraza aonje. Bwana Tungaraza akasema wokovu wake haumruhusu. Akamwita Bwana Kiwale. Bwana Kiwale akapiga magoti, machozi yakimlenga, akasema yuko tayari kufa kabla ya kumtangulia Mtukufu. Ofisa Itifaki akamkumbusha kwamba hata kufa kabla ni kutangulia. Wakati wote huo wananchi walisimama juani wamenyanyua vikombe, mikono ikitetemeka, kwa sababu Mtukufu alikuwa bado hajashusha wa kwake.

Mwanasheria wa Jimbo ndiye aliyeokoa jahazi. Alikohoa, akasema, "Mtukufu, katika jimbo zima yuko mtu mmoja tu anayeweza kuonja kihalali. Mtu hashtakiwi mara mbili kwa kosa moja. Bi Semeni tayari anashtakiwa kwa kutangulia, na kesi yake haijaamuliwa. Akionja leo, funda lake litaingia kwenye kesi ileile."

Bi Semeni alikuwa nyuma ya kamba pamoja na Mzee Lubango. Akaitwa. Akaja bila haraka, akijifunga kanga vizuri. Akakipokea kikombe cha Mtukufu, akakinusa, akakirudisha.

"Siwezi."

"Onja tu, mama," alisihi Ofisa Itifaki. "Funda moja."

"Anayeonja ndiye anayejibu. Hii sikuipika, siijui baba wala mama. Nikiionja nitakuwa nimeapa uongo mbele ya watu wote hawa. Naonja ya kwangu."

"Ya kwako iko wapi?" aliuliza Mtukufu.

"Ya kwangu mliifuta."

Kiwanja kizima kilitaka kucheka. Mashavu yalivimba, watu wakatazama juu, wakatazama chini. Kwa bahati nzuri Mtukufu mwenyewe likamtoka cheko dogo, la puani. Basi watu wakapasuka, wakacheka mpaka vikombe vikamwagika.

Bodi ikakutana palepale, nyuma ya ngoma kubwa. Tatizo lao halikuwa leseni. Tatizo lilikuwa namna ya kuirudisha bila kuwa wamekosea kuifuta. Walijadiliana kwa uchungu, Bwana Kiwale akitafuna kalamu moja baada ya nyingine, mpaka mjumbe mmoja akapata maneno. Kikao kilichopita kiliazimia kwamba Bi Semeni hafai kuwa na leseni kwa sababu ana kesi isiyoamuliwa. Kikao hiki kikaazimia kwamba Bi Semeni anafaa kuwa na leseni kwa sababu ana kesi isiyoamuliwa. Wakaona maazimio yote mawili yanafanana sana, wakafurahi kwamba Bodi haijabadili msimamo. Chini ya leseni mpya wakaandika: "Ni halali maadamu kesi yake haijaisha."

Mtukufu akapigwa picha kikombe kikiwa kidevuni, na gazeti likaandika kwamba amekunywa.

* * *

Bi Semeni alirudi nyumbani mbio, mwili wote ule, akatia mtama, akatia kimea, akafunika, akakaa kando ya chungu ameshika tama. Kimya. Akalala pale pale. Asubuhi akasikia kitu kama mtu anayenong'ona usingizini. Akafunua. Povu dogo, jembamba, lilikuwa likipanda pembeni. Alipiga kigelegele mpaka treni ya mizigo ikajibu kwa honi, au ndivyo anavyodai Mzee Lubango.

Kilabu kikafufuka. Mtukufu naye alikuja siku moja bila mpiga picha, akakaa benchini, Bi Semeni akaonja, akampa, akanywa, akapumua. Funda likaongezwa kwenye jalada la kesi.

Kila mwezi Bi Semeni alikwenda mahakamani amevaa kanga mpya na kujipaka mafuta mazuri.

"Upelelezi?" aliuliza hakimu.

"Haujakamilika," alisema mwendesha mashtaka.

"Mungu mkubwa," alisema Bi Semeni, akawapa mkono wote wawili.

Wapika pombe wengine walipoisoma leseni yake, wivu ukawashika. Wao walikuwa wakionja kwa kujificha, roho mkononi, maana kila kilabu sasa kililazimishwa kutundika picha ya Mtukufu. Wakapanga foleni polisi. "Afande, nishtaki na mimi." Koplo mwenye tumbo akawaambia hawezi kumshtaki mtu bila kosa, akaona ajabu kujisikia akisema hivyo. Wanawake wakaanza kukaa barabarani kuvizia misafara. Mmoja alipiga chafya mbele ya waziri, akajisalimisha mwenyewe, akaambiwa chafya ile ilikuwa ya bahati mbaya, akarudi nyumbani analia.

Aliyekosa usingizi ni Bwana Kiwale. Shemeji yake alikuwa anamfokea kila siku kwa mabati yaliyolala. Bwana Kiwale akaisoma ile leseni, akaisoma tena, mpaka akatabasamu tabasamu lake la daktari wa meno. Akavaa suti, akaenda kwa Mtukufu, akamwombea Bi Semeni msamaha.

Watu walishangaa. Kumbe Bwana Kiwale ana moyo! Mtukufu naye akaguswa. Alikuwa mtu wa huruma, na siku yake ya kuzaliwa ilikuwa inakaribia, na leseni hakuisoma. Akatangaza kwamba atakwenda mahakamani yeye mwenyewe kumsamehe mama yule hadharani.

Bi Semeni aliposikia, akaiweka kata chini palepale. Alikwenda ofisi ya jimbo, akamwangukia katibu.

"Baba, naomba nisisamehewe."

Katibu akapekua makabati yote. "Mama, maombi ya kusamehewa yana dawati lake. Hili la kwako halina dawati."

"Nikisamehewa kesi imeisha. Kesi ikiisha leseni imeisha. Leseni ikiisha chungu changu kinakufa. Nimewakosea nini jamani?"

"Ndiyo maana unasamehewa," alisema katibu.

* * *

Siku ya msamaha mahakama ilijaa mpaka madirishani. Mbele waliweka meza ya Mtukufu, kitambaa cheupe, na juu yake bilauri ya maji iliyofunikwa kwa kawa ndogo ya shanga. Karani alibana midomo asipige kelele ya "Kortini!" Bwana Kiwale alikaa nyuma na Bwana Tungaraza, ambaye alikuwa amekuja na brashi na kopo la rangi, ili akitoka hapo apitie kilabuni kufuta jina la Bi Semeni ukutani.

Bi Semeni alisimama kizimbani. Nyumbani chungu kilikuwa kimejaa, kinachemka kwa ajili ya Jumamosi. Alikuwa amekisikia asubuhi akiondoka, akakigusa tumbo kama mtu anayeaga mgonjwa.

"Mahakama ianze," alisema Mtukufu. Ikaanza. Akahutubia juu ya huruma kwa muda mrefu sana, akieleza inavyotoka moyoni na inavyokwenda, na koo likawa linamkauka, sauti ikaanza kukwaruza. Mwisho akasema, "Nimemsamehe." Watu wakapiga makofi pale alipopiga yeye.

Hakimu akagonga meza. "Shauri limefungwa. Bi Semeni, uko huru. Na leseni yako, kwa masikitiko, imefikia mwisho."

Bwana Tungaraza akafungua kopo la rangi.

"Mheshimiwa hakimu," alisema Bi Semeni, "nina swali. Kesi imeisha?"

"Imeisha."

"Hakuna kilichobaki hata kidogo? Mafunda yote yamesamehewa?"

"Yote. Jalada limefungwa."

Angewahi kidogo tu kufanya alilokusudia, msamaha ungelifunika na hilo. Lakini Bi Semeni alikuwa amezoea kungoja pombe iive. Akashuka kizimbani, akaenda taratibu mpaka kwenye meza yenye kitambaa cheupe. Bi Semeni akaondoa kawa, akainua bilauri, akapiga funda moja, kubwa, lililosikika mpaka madirishani. Akapangusa ukingo kwa kiganja. Akaiweka mbele ya Mtukufu kwa mikono miwili na kupiga goti kidogo.

"Maji salama, baba," alisema. "Kunywa."

Mtukufu aliitazama bilauri. Mkono wake, ule wenye akili zake, ukaenda wenyewe, na akaimaliza yote kwa mara moja.

Bi Semeni akarudi kizimbani, akaingia mwenyewe, akavuta kile kimlango kidogo akakifunga.

"Karani," alisema, "fungua jalada jipya. Na huo upelelezi, tafadhali, msiuharakishe."